Korosho Kumi na Moja Mbele ya Mfuko

Jumanne moja ya mwezi wa Juni, saa kumi na mbili na dakika arobaini asubuhi, Omana alimaliza uji wake wa mchele, akaosha bakuli, akachukua mwavuli mweusi na bahasha ya plastiki yenye karatasi zake, akaenda kusimama kituoni. Mvua ilikuwa ya wastani. Basi jekundu la mjini lilikuja limechelewa kidogo, na ndani yake Nabeesa alikuwa ameshamwekea nafasi kwa kukalia viti viwili peke yake, kazi ambayo mwili wake uliiweza bila taabu.

"Umekula?" Nabeesa alimwuliza.

"Nimekula."

"Maneno umeyapanga?"

"Tangu juzi."

"Basi usilie mule ndani. Ukilia wataandika umelia, hawataandika ulichosema."

Siku hiyo Omana alikuwa anakwenda kusikilizwa. Barua ya Mfuko wa Uzeeni wa Wabanguaji ilisema hivyo waziwazi: mleta shauri atapewa nafasi ya kusikilizwa ana kwa ana, saa nne na nusu. Alikuwa ameisoma mara nyingi hadi ikakatika kwenye mikunjo, akaiunga kwa gundi ya wali.

Wawili hawa walikaa ubavu kwa ubavu miaka arobaini na ushei kwenye sakafu ya kiwanda namba tatu cha tajiri Ittoop, wamechuchumaa, kila mmoja na jiwe lake na kigongo chake, wakibangua korosho zilizovuka bahari kwenye magunia yenye mhuri wa Mtwara. Walijipaka majivu mikononi ili mafuta ya maganda yasiwachome, na mafuta yakawachoma vilevile. Vidole vya Omana vilikuwa vyeusi hadi kwenye fundo la pili, na alama za ngozi zilishafutika zamani.

Shauri lenyewe mtoto angelielewa. Mwaka wa sabini na nane, mafuta ya ganda yalimrukia machoni mama yake Omana, aliyeitwa Karthyayani, mwenye nambari 212. Kesho yake Omana, miaka kumi na mitano, akakaa mahali pa mama. Akataka kuandikisha jina lake. Msimamizi akamwambia, na kwa nia njema kabisa, "Usiliguse hilo jina, binti. Ukiandika lako unaanza sifuri. Kaa na nambari ya mama yako, miaka yake itakuwa yako." Ndivyo walivyofanya wote. Nusu ya wanawake wa sakafu ile walikuwa wamekalia majina ya mama zao, shangazi zao au mama wakwe zao. Nabeesa mwenyewe alikuwa shangazi ya mumewe kwa miaka sita, na anasema ndiyo miaka pekee aliyowahi kuheshimiwa ukweni.

Omana akawa Karthyayani kwa miaka thelathini na minne. Kisha zikaja kompyuta na vitambulisho, majina yakaandikwa upya, akawa Omana kwa miaka tisa. Alipostaafu, Mfuko ukamjibu kwamba kanuni inataka miaka kumi kwenye jina lako, na wewe mama una tisa. Hiyo mingine ni ya Karthyayani, ambaye kwa mujibu wa daftari alibangua korosho hadi umri wa miaka sabini na minne, ishirini na mitatu kati ya hiyo akiwa marehemu. Mfuko haukuwa na ugomvi wowote na marehemu. Michango yake ilifika kwa wakati.

Bila mwaka huo mmoja hakuna pensheni. Bila pensheni ni kurudi kwenye jiwe, na magoti ya Omana yalikuwa yameshakataa. Lakini kulikuwa na jambo jingine lililomkereketa zaidi, na hili alimwambia Nabeesa peke yake: katika kesi yote hiyo hakuna mtu aliyewahi kumwuliza yeye. Uamuzi wa kwanza ulitolewa hayupo. Wito walikuwa wameupeleka kiwandani, kiwanda kimefungwa, mlinzi akaubandika kwenye geti, mbuzi akala nusu yenye tarehe. Uamuzi ukaandikwa kwamba mwanachama aliitwa na hakufika. Ndipo akaomba mapitio, na mapitio ndiyo hiyo Jumanne.

Ofisi ya Mfuko ilikuwa ghorofa ya pili, juu ya duka la miwani. Nabeesa alizuiwa mlangoni kwa sababu hakuwa mhusika, akavuka barabara kwenda kunywa chai kwenye duka la mikate la Thampi. Omana akaingia peke yake. Karani akamwekea mashine ya kidole ili kuhakikisha kuwa yeye ndiye yeye. Akajaribu kidole gumba, akajaribu cha shahada, akajaribu mkono wa pili.

"Husomeki, mama," alisema karani.

"Sijawahi kusomeka."

"Basi keti."

Kamishna msaidizi aliitwa Padmakumar, mtu mpole, mwenye kuongea taratibu, aliyekandamiza karatasi zake kwa mawe ya mtoni ili feni isizipeperushe. Upande wa pili alikaa wakili Kuruvilla, aliyemwakilisha tajiri Ittoop, na koti lake jeusi likimtoa jasho. Tajiri hakuwa na kinyongo na Omana. Ila Omana akikubaliwa, sakafu nzima itapanda ngazi zile, na hilo wakili alilijua.

"Haya mama," alisema Padmakumar, akifungua kalamu. "Sema yote. Hakuna wa kukukatiza."

Omana akasema. Alisema dakika nane, kwa mpangilio, bila kulia. Maneno aliyasikia yakimtoka kifuani na kupita kooni, kila moja kwa zamu yake. Mle chumbani haikusikika hata sauti moja. Feni ilizunguka. Wakili aliangalia saa. Padmakumar alisubiri na kalamu mkononi, kwa subira ya kweli, hadi mdomo wa Omana ulipofunga. Kisha akaandika: Nafasi imetolewa. Mleta shauri amekaa kimya.

Wakati huohuo, ng'ambo ya barabara, korosho zilizokuwa ndani ya gudulia la kioo juu ya kaunta ya Thampi, katikati ya ndizi za kukaanga na biskuti za nazi, zilianza kuzungumza. Sauti ilikuwa ya mwanamke wa makamo, imekauka kidogo, ikimwita mtu saar, kama anayesema na bwana mkubwa. "Saar, jina langu Omana. Kwenye daftari lenu mimi ni mama yangu." Wateja wakaweka vikombe chini. Thampi akazima feni ili watu wasikie vizuri. Kulikuwa na manesi wawili, mwalimu mstaafu na askari wa benki, na wote walisikiliza hadi mwisho. Nabeesa alisahihisha mahali pamoja tu, palipohusu jina la msimamizi.

Omana alipovuka barabara, macho makavu, bahasha kifuani, mwalimu mstaafu alimsogezea kiti.

"Umeongea vizuri, dada. Ila ile sehemu ya mama yako ningeifupisha."

"Wapi? Hiyo ndiyo sehemu yenyewe," nesi mmoja akamkatalia. "Mie ningerefusha."

"Mmenisikia?" Omana aliuliza.

"Neno kwa neno," alisema Thampi. "Gudulia langu hili hapa."

"Na yeye kule juu?"

Thampi akapangusa kaunta. Omana akakaa, na chai ilipoletwa akalia. Alilia kwa hasira, si kwa huzuni, na Nabeesa alimwacha alie kwa sababu pale hapakuwa na mtu wa kuandika.

Halafu Nabeesa akajifunga mtandio wake vizuri, akavuka barabara, akampita karani, akaingia moja kwa moja kwa kamishna.

"Saar, mama yule ameongea. Maneno yametokea kule dukani. Njoo ukasikilize, ni hatua thelathini, mwavuli ninao."

Padmakumar hakukasirika. "Nimeshaambiwa, dada. Karani alikuwa anachukua bajia za dengu. Amesema ni maelezo mazuri sana."

"Basi twende."

"Ofisi haivuki barabara. Nikisikia jambo dukani nimelisikia mimi, Padmakumar, mtu wa kawaida anayekunywa chai. Lazima nilisikie hapa, nikiwa nimekaa hapa." Alisogeza jiwe moja juu ya karatasi. "Lakini sitaki aseme hakusikilizwa. Aandike barua, nitampa siku nyingine."

Omana akaandika barua. Siku ikatolewa mwezi wa Julai, wakili akawa na harusi ya mpwa wake. Ikatolewa Agosti, ikaangukia siku ya mgomo wa jimbo zima, mabasi hayakutembea. Kila mara Omana alikuwa ameshayapanga maneno yake, na kila mara ilimbidi kurudi nayo nyumbani yote. Usingizi ukampungua. Alifagia uwanja mara tatu kwa siku. Alikwenda mara kwa mara hadi kwenye ule mnazi uliopandwa mahali ulipochomwa mwili wa mama yake, akasimama, akarudi bila kufanya chochote.

Nabeesa ndiye aliyegundua kanuni ya korosho. Siku ya posa ya mpwa wake walipika payasam, ule uji mtamu wa maziwa, wakatia korosho zilizokaangwa kwenye samli. Wageni wamekaa, mabakuli mkononi, sufuria ikaanza kusema habari za nambari 212. Kumbe Omana, nyumba ya pili, alikuwa anafanya mazoezi mbele ya kioo. Baba wa bwana harusi aliomba watu wasile kwanza hadi mama amalize, na posa ilipita salama. Lakini biriani, iliyokuwa na korosho nyingi zaidi, haikusema kitu.

"Za payasam zilitoka kwenye lile boksi la sikukuu, la kiwandani, mwaka juzi," Nabeesa alimweleza kesho yake. "Za biriani nimenunua sokoni. Umenielewa? Zinasema zile zilizopita mikononi mwako tu."

"Na kiwanda kimefungwa mwaka na nusu."

"Ndiyo. Duniani zimebaki chache sana. Na mjini hapa, anazo Thampi."

Thampi aliposikia alikuja juu. "Mimi niuze korosho za mwaka juzi? Mimi? Hizi ni za wiki iliyopita!"

"Zilizobanguliwa wiki iliyopita zimemjulia wapi Omana?" Nabeesa alimwuliza.

Mkaguzi wa vyakula alikuwa meza ya pembeni anakula keki. Thampi akaangalia gudulia, kisha akamwangalia mkaguzi. Jioni, wakati wa kufunga, alimpenyezea Nabeesa kifurushi cha gazeti chini ya kaunta. Zilikuwa zimebaki kumi na moja, nzima, nyeupe, daraja la juu.

"Sichukui hata senti," alinong'ona. "Ila ukisema zimetoka kwangu, mimi na wewe basi."

Shauri likaitwa tena Septemba, wiki ileile ya sikukuu ya Onam, na watu wa ofisini walikuwa wametandaza maua kwenye sakafu ya ukumbi. Omana alivaa sari nyeupe yenye pindo la dhahabu. Nabeesa alimsindikiza hadi mlangoni na hapo ndipo lilipofanyika kosa, na walilifanya wote wawili, na wangelifanya tena. Nabeesa alifungua kile kifurushi, akaona wino wa gazeti umeanza kushika korosho, akasema, "Hivi kweli utamwekea mtu korosho kwenye gazeti?" Akatoa kwenye mkoba wake kisahani cha chuma alichokuja nacho makusudi, akakipangusa kwa mtandio, akazipanga juu yake. Omana akaona ni sawa. Huku kwetu humtengei mtu chakula juu ya karatasi, hata kama unamchukia.

Akaingia, akaweka kisahani mbele ya kamishna.

"Saar, maneno yangu yako humu."

"Vizuri," alisema Padmakumar, na akaandika.

Wakili Kuruvilla akasimama. "Napinga. Korosho si mhusika wa shauri hili. Hazikuorodheshwa kwenye vielelezo. Haziwezi kula kiapo. Na mteja wangu hajapewa nakala yake."

"Hoja imepokelewa," alisema kamishna. "Zitaendelea, uzito wake tutaupima baadaye. Haya mama, sema."

Omana akafungua mdomo, na kisahani kikasema.

"Saar, jina langu Omana. Kwenye daftari lenu mimi ni mama yangu. Mwaka wa sabini na nane mafuta yalimwingia machoni, na asubuhi yake nilikaa mahali pake kabla jiwe halijapoa."

Ilisikika wazi hadi kwa karani. Padmakumar aliinamisha kichwa, akasikiliza kwa makini, kalamu ikitembea. Kwa mara ya kwanza katika shauri lile mtu alikuwa anamwandika Omana huku yeye anaona. Alifurahi, acha tuseme wazi, alifurahi hadi akaogopa, maana wino ulikuwa unakauka na maneno yalikuwa yake.

"Msimamizi aliniona. Mwenye kiwanda aliniona, alinipa pole alipofariki mama, na kesho yake wakaniita kwa jina lake. Niliitika. Siku ile ya matanga mama yangu alikuwa ameshani—"

Kamishna alikuwa ametoka nyumbani bila kunywa chai, na anaposikiliza kwa makini mkono wake hutafuta cha kushika. Mkono ulikwenda kwenye kisahani, ukachukua korosho moja, ukaitia mdomoni. Alitafuna polepole, kwa heshima, macho yakiwa kwenye karatasi.

"—na tangu hapo sikukosa siku," korosho zilizobaki ziliendelea.

Omana alisikia pengo lile. Mkono wake ulinyanyuka kwenda kukivuta kisahani. Ulifika katikati ya meza ukasimama. Umeshamwekea mtu sahani mbele, ameshanyoosha mkono, utamnyang'anya vipi? Miaka yote ya kulelewa na Karthyayani ilimshika kiwiko. Kamishna akachukua ya pili. Hapo likaondoka jina la msimamizi.

"Karibu, wakili," alisema Padmakumar, akikisogeza kisahani upande wa pili, kama mtu yeyote mwenye adabu angefanya.

Kuruvilla ana kisukari na hatakiwi kula ovyo. Akachukua tatu. Mwaka wa themanini na tisa ukaenda, pamoja na mgomo wa miezi minne na jina la daktari wa macho.

"Saar, tafadhali usile," kilisema kisahani.

"Oh, samahani sana, mama," alisema Padmakumar, akaona haya, lakini korosho iliyosema ndiyo iliyokuwa tayari kati ya meno yake, na kuitema mbele ya watu ni uchafu. Akaimeza. Kwa kuchanganyikiwa na aibu hakujua mikono aiweke wapi, na alipozinduka kisahani kilikuwa kimebaki na nusu moja ya korosho, iliyosema "mimi ndiye" na haikuwa na zaidi.

Nje walikuwa wanaimba wimbo wa sikukuu.

"Una la kuongeza, mama?"

Omana alisema alichokuwa nacho cha kuongeza, na hakikusikika. Hata kule kwa Thampi gudulia lilikuwa na korosho mpya, na hizo hazimjui.

Uamuzi ulitoka baada ya wiki tatu, safari hii kwa posta ya nyumbani kwake, umepigwa chapa vizuri. Ulisema mleta shauri alipewa nafasi kamili ya kusikilizwa mara mbili. Kwamba mara ya kwanza alikaa kimya. Kwamba mara ya pili maelezo yalitolewa kwa sehemu, na vielelezo havikubaki kwenye jalada. Miaka tisa. Uamuzi wa awali umethibitishwa. Nabeesa aliusoma kwa sauti jikoni, akaufikia mwisho, akarudia neno "havikubaki" mara tatu, kila mara kwa sauti ya juu zaidi.

"Vimefanya nini? Havikubaki? Vimetembea kwa miguu?" Kisha akajipiga paji la uso. "Ni mimi. Ni mimi na kisahani changu, Omana."

"Ni sisi," alisema Omana. "Hata mimi ningetoa sahani."

Lakini yaliyomezwa hayakunyamaza. Kuanzia wiki ileile, kila siku saa nne na nusu asubuhi, tumbo la Padmakumar lilianza kusema. Lilisema yale aliyoyala, kwa sauti ya Omana, kwa mpangilio uleule. Mkewe alimpa maji ya tangawizi, kisha ya mvuje, kisha akazoea. Kwenye kikao cha mkoa tumbo lilieleza habari za jina la msimamizi mbele ya kamishna mkuu, na kamishna mkuu akaelekeza jambo hilo liandikwe kwenye mengineyo. La wakili Kuruvilla lilisema mahakamani, katikati ya kesi ya mpaka wa shamba, na jaji akamwomba awe anakula mapema.

Omana alikwenda kumwona kamishna. Safari hii alipanda ngazi bila barua, saa nne na nusu kasoro, akasimama mlangoni. Padmakumar akamwashiria aingie. Saa ikafika, na wote wawili wakasikiliza tumbo hadi lilipomaliza. Sehemu ya mama yake ilikuwemo yote. Hata Omana alikuwa hajawahi kuisikia kutoka nje yake, na ilimchoma.

"Kwa hiyo umenisikia," alisema, na maneno yakatokea tumboni kwa kamishna.

"Nimekusikia, mama. Nakusikia kila siku. Najua wewe ndiye uliyekaa pale." Aliyasema haya bila kupepesa macho, na alikuwa na huzuni ya kweli. "Lakini nimeshatoa uamuzi. Ungenisikilizisha kabla."

"Nilikusikilizisha kabla. Ulikuwa unatafuna."

Tumbo lililisema hilo kwa ukali uliomfanya ashike meza. Akamwagizia chai. Omana hakuinywa.

Januari Padmakumar alihamishwa kwenda kaskazini mwa jimbo, akaondoka na tumbo lake. Alikuja kamishna mpya, mwanamke kijana, mchapakazi, aliyesoma jalada lote kwa siku moja. Nabeesa alimweleza mambo yote, na yeye hakuona ajabu wala hakudharau. Alisema tu kwamba anayeamua lazima awe ndiye aliyesikia, hiyo ndiyo haki yenyewe, na yeye hakusikia. Aliyesikia yuko kaskazini, na yaliyo tumboni mwa mtangulizi si sehemu ya jalada. Mleta shauri anaweza kuomba upya. Akiomba, ataitwa.

Omana akaomba upya.

Barua ya wito haijaja. Wakati anaingoja amerudi kwenye jiwe, kwenye kibanda cha uani cha mtu mmoja anayebangulia nyumbani, bila leseni na bila geti. Siku ya kwanza alijipaka majivu, akachuchumaa kwa kushika ukuta, magoti yakalia, akamwuliza mwenye kibanda ataandika jina gani.

"Hapa hatuandiki majina, dada," alisema yule bwana.

Magunia ni yaleyale ya Mtwara. Kila jioni anaficha korosho moja, nzima, kwenye fundo la pindo la sari, na Nabeesa, anayechuchumaa pembeni yake, humkoholea mwenye kibanda ili aangalie upande mwingine. Nyumbani anaitia kwenye mkebe wa maziwa ya unga. Safari hii hakuna kisahani: zitakwenda na mkebe wake, kifuniko kimefungwa kwa waya, na orodha imeshaandikwa kwa nakala tatu. Mkebe umejaa kupita nusu. Siku hizi, kwa kuwa Omana anayawaza maneno yake hata akiwa kimya, korosho zimeanza kujisemea zenyewe, asubuhi, mchana, anapokula, zote kwa pamoja, nambari 212, mama, jiwe, mimi ndiye, hadi majirani wanazisikia. Omana huacha bakuli lake la uji, akauchukua mkebe, akaupakata mapajani na kuukandamiza kwa viganja vyote viwili.

"Nyamazeni," anaziambia. "Nyamazeni kwanza. Hatujaitwa."